Mkono Mmoja Umekosekana

Ukuta wa kaskazini wa nyumba ya Bibi Nankondo ulikuwa na matabaka kumi na tisa ya udongo, na kufikia Jumatano asubuhi Nakiete Mmbaga alikuwa ameshalamba kumi na sita. Si kwa ulimi wake, jamani. Alikuwa na mashine. Jina la mashine kwenye karatasi zake lilikuwa refu mno, hata aliyeibuni alikuwa akilikatisha njiani, kwa hiyo wanawake wa Mhenza walipoiona ikipanda na kushuka ukutani kwa miguu yake sita, taa ya zambarau ikiwaka tumboni, waliiita Mlamba Ukuta, na jina likashika.

"Leo mdudu wako amekula kiasi gani?" akauliza Bibi Nankondo. Alikuwa ameketi uani kwenye kiti cha plastiki, kanga moja kiunoni na nyingine mabegani, akichambua maharage ya makande.

"Bado tabaka tatu, Bibi. Kesho tunafika kwa mama."

"Ulisema hivyo jana."

"Jana nilisema keshokutwa."

"Basi kesho ni kesho. Usiniongezee siku, mjukuu wangu. Nina miaka tisini na moja, siku zangu sizigawi ovyo."

Nakiete akacheka, akarudi kuikodolea macho kamera. Alikuwa mgeni kutoka mjini, wa miaka ishirini na sita, na hii ilikuwa filamu yake ya pili. Ya kwanza ilionyesha tangawizi ikikauka juani kwa dakika hamsini, bila neno. Watu kumi na mmoja walikuja kuitazama, wanne wakalala, na mmoja wa hao wanne alimfuata mlangoni akamshika mkono kumshukuru kwa usingizi, maana alikuwa na majuma mawili hajapata hata lepe. Nakiete hakuona aibu. Alilala usiku ule akimshukuru Mungu kwa wale saba waliobaki macho. Na mmoja wa wale saba ndiye aliyekuwa msimamizi wa jumba la sinema la Tanga, aliyemwambia, "Binti, ukitengeneza nyingine ndefu, niletee mimi kwanza."

Nyingine ndefu ndiyo hii. Picha zilikuwa za ukuta tu: ukuta asubuhi, ukuta mchana, ukuta ukipukutika. Habari yote ilikuwa kwenye sauti.

Maana ukuta wa udongo unasikia. Jambo hili lilijulikana kwa bahati, na lilipojulikana watu wengi walijiona wajinga, kwa jinsi lilivyokuwa jepesi. Mtu akikandika, kiganja chake kinausukuma udongo mbichi. Mtu huyo akizungumza, kifua kinatetemeka, bega linatetemeka, mkono unatetemeka, na kiganja kinaacha ule mtetemo kwenye udongo kama mistari myembamba isiyoonekana kwa jicho. Udongo unakauka, mistari inabaki. Mlamba Ukuta anaisoma kwa taa yake na kuirudisha kuwa sauti. Ila kuna mambo mawili. La kwanza, ukuta haukumbuki kila aliyepita; unamkumbuka yule tu aliyekuwa ameugusa. La pili, ile taa inaukausha udongo hadi unakuwa vumbi. Kila tabaka linasomwa mara moja, kisha linamwagika chini.

Ndiyo sababu sheria ilisema nyumba isilambwe mpaka iwe imekwisha kuhukumiwa kubomolewa. Nyumba zote za Mhenza zilikuwa zimehukumiwa. Mlima ulikuwa umeanza kutembea. Katika misimu miwili shamba la Bibi lilikuwa limeshuka urefu wa mkono mzima, migomba ikiwa imesimama juu yake kama abiria. Watu walijengewa makazi bondeni, nyumba zilizochapwa na mashine kwa siku tatu tatu, na kila familia ilipewa tarehe ya kuhama. Ya Bibi ilikuwa Jumapili.

Na sheria ilisema neno lingine, fupi: msikilizaji wa kwanza ni mwenye ukuta. Si fundi wala mtengeneza filamu. Mwenye ukuta asikie, akikubali, ndipo wengine wasikie.

Kwa matabaka kumi na sita walikuwa wamefuata hivyo. Bibi alikaa karibu na spika, Nakiete akaziba masikio yake kwa vizibo vya mpira na kuusoma uso wa Bibi tu. Bibi akisikia la kuchekesha aliangua kicheko, akampungia mkono: toa vizibo, hili ni lako pia. Wakasikia umbea wa mwaka fulani, maombi ya mwaka mwingine, na shangazi mmoja aliyemtukana ng'ombe wa jirani kwa tabaka zima kutoka chini hadi juu.

Wanawake wa Mhenza walikuwa na desturi yao kuhusu siku ya kukandika. Ilifanywa kwa msaragambo, wote pamoja, na wanaume waliondolewa wakapelekwa gulioni na watoto wakubwa. Kila mwanamke alipewa mstari wake wa ukuta, kutoka chini mpaka kwenye paa. Na lililosemwa huku mikono ikiwa na udongo halikuchukuliwa kwenda nalo nyumbani. Wakishanawa, limekwisha. Huko ndiko walikotua mizigo yao, miaka na miaka, bila kujua kwamba ukuta wenyewe ulikuwa unaandika.

"Ungejua unaandikwa ungenyamaza?" Nakiete alimuuliza Bibi siku ya kwanza.

"Ningepunguza kumsema mama mkwe," Bibi akajibu.

Bibi hakuwa akitafuta umbea, hata hivyo. Alikuwa akimtafuta mama yake. Nakaniwa, mama yake, alikufa Bibi akiwa na miaka minne. Hapakuwa na picha yake ila moja, amesimama mbali, uso umeungua na jua. Sauti yake Bibi hakuikumbuka hata kidogo. Lakini alijua kwamba baada ya mvua kubwa za El Nino ukuta wa kaskazini ulianguka wote hadi fito, na mwaka 1998 wanawake waliukandika upya. Mama yake alikuwa kwenye mstari wa pembeni, mstari wa mwenye nyumba, na yeye Nankondo, mtoto wa miezi mitano, alikuwa mgongoni.

"Nisikie hata akikohoa," alisema. "Nitashukuru. Nihame na kikohozi chake."

*

Kosa lilifanyika Jumatano ileile, saa nane mchana.

Bibi alikuwa ameshuka bondeni kwa gari la kijiji kwenda kuangalia nyumba yake mpya. Nakiete alibaki peke yake. Kwa hesabu yake mama wa Bibi alikuwa tabaka la kumi na nane. La kumi na saba, aliona kwenye kishikwambi, lilikuwa jembamba na limekatikakatika, kama kiraka cha mtu mmoja. Akaona aliondoe tu, hata bila Bibi, ili kesho waanze moja kwa moja na lile linalongojewa. Hakuvaa vizibo. Kiraka kitasema nini?

Sasa, katika yale kumi na sita aliyohesabu, moja halikuwa udongo. Ilikuwa chokaa, iliyopakwa kwa brashi wakati wa harusi fulani. Brashi haina kifua, chokaa haikuwa na sauti, ila Mlamba Ukuta alikuwa ameshauhesabu unene wake, na Nakiete naye akauhesabu tena alipokuwa akitafuta tabaka la mama, hivyo akamsukuma mama hatua moja ndani zaidi. Binti wa mjini huona tabaka jeupe akasema tabaka. Mwanamke yeyote wa Mhenza angemwambia kwamba chokaa ni nguo tu, si ukuta. Na wembamba ule haukuwa kiraka. Ulikuwa udongo wa mwaka ule wa El Nino, mwaka wa uhaba, uliokandikwa kwa kubania.

Mashine ikapanda pembeni, taa ikawaka, vumbi likaanza kushuka kama unga. Spika ikatoa mlio ambao Nakiete alikuwa ameshauzoea: pa, tonge la udongo likitupwa ukutani, halafu shwaa, shwaa, shwaa, kiganja kikilisambaza mara tatu. Pa. Shwaa, shwaa, shwaa. Maneno huja kwenye shwaa peke yake, maana mkono ukiinama kuchota tonge jingine haugusi ukuta, na chochote kinachosemwa wakati huo kimepotea.

Ikaja sauti nyembamba ya mwanamke, yenye mkwaruzo kidogo.

"Nataka niseme... nikiwa na udongo... mikononi."

Pa.

"Yule mtoto... Jumatatu ile... nilimwacha."

Nakiete angeweza kuzima. Baadaye alijiuliza mara nyingi kwa nini hakuzima. Lakini tabaka likishaanza kulambwa halisimami; ukizima nusu, nusu iliyobaki inapasuka na kuanguka yenyewe. Akasimama pale, mikono kichwani, akasikia yote.

"Kwenye kibanda... cha tangawizi... nikamlaza."

Pa.

"Nikapanda lori... mpaka Same... sikugeuka nyuma."

Pa.

"Ukuta chini... mume machimboni Mererani... mtoto halali... nikaona basi."

Ikaingia sauti nyingine kutoka mstari wa pili, nene, ya mtu asiyependa kubembeleza. "Tunajua, Nakaniwa... Mimi ndiye... niliyemwokota." Na ya tatu, kwa mbali: "Hakuna aliyemwambia mtu... Si mumeo... si mchungaji."

"Siku nne, Nambua..." ikasema tena ile sauti nyembamba. "Eliwaza akamnyonyesha... Navoneiwa akamwogesha."

Pa.

"Narudi... namkuta amenenepa... kuliko nilivyomwacha."

Hapo ukuta mzima ulicheka. Wanawake kama kumi, viganja vyote vikitetemeka pamoja, mpaka mashine ikakosa kusoma na kuweka mstari mweusi kwenye kishikwambi. Kisha ile sauti nyembamba ikarudi.

"Asanteni... Sina kingine... Asanteni."

Vumbi likatulia. Nakiete akakaa chini juu ya mama wa Bibi Nankondo, maana ndiye aliyekuwa pale sakafuni sasa, rundo la unga mwekundu, na akajua kwamba amesikia kitu ambacho hakikuwa chake.

*

Alimpigia Kajiru, Morogoro. Kajiru ndiye aliyebuni mashine, mtu mpole mwenye haraka ya kuzungumza, aliyemwazima Nakiete mashine ya majaribio kwa sababu tu alikuwa mmoja wa wale wanne waliolala kwenye tangawizi na moyo wake ulikuwa ukimsuta.

"Dada, umesikia kabla yake? Hilo ni kosa."

"Najua ni kosa, kaka. Nishajiambia mara arobaini. Niambie nifanyeje sasa."

"Mwambie umekosea hesabu, mpe asikie. Kwisha."

"Asikie mama yake anamwacha kibandani? Mwanamke wa miaka tisini na moja, siku nne kabla ya kuhamishwa nyumba aliyozaliwa?"

"Basi tumia kujaza. Mashine inajua sauti yake sasa, ina zaidi ya maneno arobaini. Pale penye nyufa inaziba yenyewe. Ukiipa ruhusa, inaziba hata pasipo na ufa. Itamtengenezea mama maneno mazuri, sauti ileile, mkwaruzo uleule. Bibi atalia kwa furaha, atahama. Kwenye filamu weka ile ya kweli baadaye. Ni huruma tu, dada, hakuna anayeumia."

"Mimi sitii maneno kinywani mwa marehemu."

"Sawa. Mimi nimesema tu kilichomo ndani ya mashine."

Alimshukuru, na alimshukuru kweli, kwa kuwa Kajiru hakumgombeza. Akaketi na kishikwambi mapajani mpaka jua likainama nyuma ya mgongo wa mlima. Kujaza hakujaza. Alijisifu kwa hilo. Alichofanya ni kukata. Akabakiza "Nataka niseme, nikiwa na udongo mikononi." Akabakiza "Yule mtoto, Jumatatu ile." Akaruka "nilimwacha", kibanda, lori, Same na siku nne, akatua kwenye "Asanteni. Sina kingine. Asanteni." Ikawa mama mwenye mtoto mgongoni anawashukuru wenzake kwa kumkandikia ukuta. Hakuna neno hata moja la uongo ndani yake. Kila sauti ilikuwa ya Nakaniwa mwenyewe. Alikata mahali maneno yalipopumua, kwa ustadi, na alipoirudia kusikiliza hakuona mshono.

Mtengeneza filamu yeyote hukata, akajiambia. Usiku alilala vibaya hata hivyo.

*

Alhamisi asubuhi Bibi alikuwa ameoga mapema na kujipaka mafuta. Alivaa gauni la kanisani.

"Nimehesabu vibaya," Nakiete alimwambia, kwani hilo angalau aliweza kulisema. "Tabaka la jana mchana ndilo lilikuwa lake. Lile jeupe lilikuwa chokaa."

"Chokaa! Hukuniuliza?"

"Sikuuliza, Bibi. Nisamehe."

"Na ukasikia?"

"Mashine ilinasa," Nakiete akasema, na akainama kupanga spika ambayo ilikuwa imeshapangwa.

Bibi alisikiliza mara ya kwanza akiwa amefumba macho. Ile sauti nyembamba ilipotoka, mkono wake uliruka ukashika ukingo wa kiti.

"Mbona kama yangu?" akasema kwa kunong'ona. "Nilipokuwa msichana. Mbona kama yangu?"

Ya pili alisikiliza akilia, machozi ya polepole yasiyo na sauti, akitikisa kichwa na kusema asante, asante, asante Mungu, asante mjukuu wangu, hata wewe mdudu asante. Nakiete naye alilia. Kwa dakika moja alikuwa na uhakika kabisa kwamba alifanya vema.

Ya tatu, Bibi alisimama. Alitaka kusikiliza akiwa kazini. Akasogea kwenye ukuta, mahali pa mama yake, palipobaki udongo wa kujazia fito na mawe, na spika ilipopiga pa, yeye akatupa tonge lisilokuwepo, na kwenye shwaa akasambaza hewa kwa kiganja, moja, mbili, tatu, kiuno kikienda nacho kama cha mwanamke wa miaka thelathini. Pa. Moja, mbili, tatu. Pa. Moja, mbili.

Pa.

Mkono wake ulibaki hewani.

"Rudisha."

Nakiete akarudisha. Pa, moja, mbili, tatu. Pa, moja, mbili. Pa.

"Hapa mkono mmoja umekosekana," Bibi akasema.

"Labda ni ufa, Bibi. Udongo ulikuwa mwembamba."

"Ufa unakatisha neno. Huu umekatisha mkono. Hakuna mwanamke wa Mhenza anayetupa tonge, akalipaka mara mbili, akaliacha. Lingepasuka kabla ya jioni, na wenzake wangemcheka mpaka kufa kwake. Mama yangu hakukandika hivi." Akageuka. Macho yake yalikuwa yamekauka ghafla. "Nani amemkata mama yangu mkono?"

Kuna maswali ambayo mtu anaweza kuyazunguka. Hili halikuwa mojawapo.

"Mimi," Nakiete akasema.

"Kwa nini?"

"Nilisikia kabla yako. Kweli nilidhani ni kiraka, Bibi, naapa. Halafu nikasikia yaliyomo nikaogopa."

"Ukaogopa nini?"

"Yatakuumiza."

Bibi alirudi kwenye kiti chake, akakaa, akakunja mikono. Alipozungumza hakupaza sauti, na hiyo ndiyo iliyokuwa mbaya.

"Nakiete. Nimezika waume wawili. Nimezika watoto watatu, mmoja hata jina hatujampa. Mlima unaondoka na shamba langu huku nautazama. Wewe, uliyezaliwa juzi, umekaa na sauti ya mama yangu usiku kucha ukaamua kipande kipi nakiweza na kipi sikiwezi. Ulinihurumia. Nani alikuomba huruma?"

"Hakuna."

"Kwenye hiyo sinema yako ungeweka ipi? Yenye mkono au isiyo na mkono?"

Ukweli ni kwamba Nakiete hakuwa amejiuliza. Au alijiuliza na akajua jibu, na jibu halikumpendeza: angeweka yote, mbele ya jumba zima la Tanga, siku moja, Bibi akiwa bondeni hajui.

"Yenye mkono," akasema.

"Wageni wapewe mama yangu mzima, mimi nipewe kilema."

"Ndiyo, Bibi. Ndivyo nilivyokuwa nafanya, na sikuona mpaka umesema." Akakifungua kishikwambi. "Nashukuru umeusikia mkono."

Bibi akakunjua mikono. Labda alitegemea utetezi, na kwa kuukosa akalegea kidogo.

"Haya," akasema. "Niletee mama yangu mzima. Na vizibo vyako usivae. Ulishasikia, sasa utakaa usikie nami."

*

Aliposikia "nilimwacha", Bibi hakufanya lolote. Aliposikia "sikugeuka nyuma", alishusha pumzi tu. Nakiete alikuwa akimwangalia kama mtu anavyoangalia nyungu iliyo mekoni. Ilipofika "namkuta amenenepa kuliko nilivyomwacha", na ukuta wa wanawake ukacheka, Bibi Nankondo akacheka nao. Alicheka mpaka akapaliwa, ikabidi apewe maji.

"Siku nne," akasema alipopata pumzi. "Siku nne za Eliwaza! Eliwaza alikuwa na maziwa kama mto, kila mtu alijua. Lazima ningenenepa." Akapangusa macho kwa pindo la kanga. Kisha akageuza uso kuelekea kilimani.

"Bibi?"

"Huyo Nambua. Mke wa Mchome. Unajua huyo mwanamke alinisumbua maisha yangu yote? Nikiwa msichana, kila akiniona ananishika mashavu. Nimeolewa, nina watoto, bado ananishika mashavu. Ananitazama, anatabasamu, haelezi. Nikamwona mtu wa kujipendekeza. Nikawa nikimwona njiani napitia kule kwenye mahindi. Alipougua sikwenda. Nilisema nina kazi." Alitazama viganja vyake. "Miaka sitini alikuwa anajua, hakuniambia. Hata siku ambayo nilimpita bila kumsalimia, hakuniambia. Angeweza kunimaliza kwa sentensi moja."

"Alikuwa amenawa mikono," Nakiete akasema.

"Alikuwa amenawa mikono. Wote walikuwa wamenawa." Bibi akatikisa kichwa. "Na mama yangu! Wewe ulidhani nitasikia kwamba aliniacha. Mimi nimesikia kwamba alirudi. Same ni mbali, mjukuu wangu, na lori la kurudi halikuwepo kila siku. Alirudi, akasimama mbele ya wanawake kumi, akasema. Mimi nisingesema."

Nakiete akauliza kwa woga kama kipande kile kiingie kwenye filamu au kisiingie, kwa kuwa yalikuwa maneno ya udongo na wenyewe waliapa kuyaacha hapo.

Bibi alifikiri. "Walioapa ni waliokuwa na udongo mikononi. Mimi nilikuwa mgongoni. Sikuapa kitu." Akainuka kwa kujikaza, akatafuta viatu vyake. "Kiweke. Chote, na nyufa zake, usizibe hata moja. Na hao wanawake uwataje kwa majina, niko hapa nitakutajia. Lakini kabla ya Tanga kuna watu wa kuambiwa kwanza. Chukua hiyo kamera."

"Tunakwenda wapi?"

"Kwa Mchome."

*

Nyumba ya Mchome ilikuwa mita mia tatu juu ya kilima, na iliwachukua karibu saa nzima. Bibi alipumzika mara tano. Mara zote tano alimwuliza Nakiete kama kamera inafanya kazi, na Nakiete, aliyekuwa akitembea kinyumenyume mbele yake, alijibu inafanya, Bibi, angalia jiwe.

Yonathani Mchome alikuwa juu ya paa akifungua mabati ayashushe bondeni. Mtu mzima, wa miaka hamsini hivi, mjukuu wa Nambua, mwenye misumari midomoni. Aliwaona, akaitoa misumari.

"Bibi Nankondo! Umepanda mpaka huku? Kuna msiba?"

"Hakuna msiba. Shuka."

"Bibi, nimebakiza bati mbili."

"Nimesema shuka, Yonathani. Jambo lenyewe halipokelewi mtu akiwa juu ya paa."

Akashuka. Alimwangalia Nakiete na kamera yake, akajipangusa vumbi usoni, akazidi kujipaka. Bibi alimwambia akae, naye akakaa juu ya rundo la mabati. Kisha yule mwanamke wa miaka tisini na moja, mbele ya kamera na kuku wawili, akapiga magoti. Yonathani aliruka.

"Bibi! Hapana! Dada, msaidie!"

"Kaa," Bibi akasema. "Kaa, usinipotezee magoti, sina mengine. Mwaka 1998, nikiwa na miezi mitano, mama yangu alizidiwa akaniacha kwenye kibanda cha tangawizi. Bibi yako Nambua aliniokota. Akanipeleka kwa Eliwaza ninyonye. Wakanitunza siku nne mpaka mama aliporudi, na hawakumwambia mtu mpaka wanaingia kaburini. Mimi nimelijua leo asubuhi. Sikuwahi kumshukuru. Nilimkwepa. Sasa nimekuja kumshukuru."

Ilikuwa wazi kwamba Yonathani hakujua aweke wapi mikono.

"Lakini Bibi," akasema mwishowe, "mimi mwaka huo hata baba yangu alikuwa hajaoa."

"Najua. Nani mwingine amebaki? Pokea kwa niaba."

"Nasemaje?"

"Sema umepokea."

Yule mtu akavuta pumzi. Akavua kofia. Kwa sababu fulani ambayo hakuna aliyemfundisha, aliinama akayashika mashavu ya Bibi Nankondo kwa viganja viwili vyenye kutu ya mabati, akayatazama vizuri, kama mtu anayekagua kazi ya fundi wa ukoo wake.

"Nimepokea, Bibi," akasema. "Kwa niaba yake."

Picha ilikuwa inatikisika. Nakiete hakuituliza. Bibi aliinuliwa, akapangusa magoti, akakaa juu ya mabati kando ya Yonathani, akashusha pumzi ndefu. Kisha akamgeukia.

"Umeipata?"

"Nimeipata, Bibi."

"Yote?"

"Yote. Na kuku."

"Haya, nipe maji. Kwa kina Eliwaza ni kule ng'ambo ya korongo, na baada ya hapo tunashuka kwa Navoneiwa."